Jinsi ya kuandika habari za Bosnia kwa Kiswahili bila kutonesha kidonda

Usiku wa tarehe 7 Oktoba 2018 nilikuwa zamu kwenye dawati la habari za kimataifa. Matokeo ya uchaguzi wa Bosnia na Herzegovina yakaingia, nami nikaandika sentensi moja: "Mgombea wa Wakroatia, Željko Komšić, ameshinda kiti katika Urais wa nchi." Ilisomwa kwenye taarifa ya saa kumi na mbili asubuhi. Haikufika saa mbili, mzee mmoja aliyesoma Sarajevo enzi za Yugoslavia, ile nchi iliyovunjika ambayo Bosnia ilikuwa sehemu yake, akapiga simu.

"Mwanangu," aliniambia baada ya salamu, "hao Wakroatia unaosema mgombea wao ameshinda, wengi wao leo wamevimba kwa hasira. Umesoma matokeo, hukusoma katiba."

Alikuwa sahihi. Siku chache baadaye maelfu ya Wakroatia waliandamana katika mji wa Mostar kupinga ushindi huo. Haya ninayoandika ni kwa ajili yako unayeanza kazi hii, uingie ukiwa umejiandaa kuliko nilivyokuwa mimi.

Anza na viti

Kosa la kwanza la kila mwandishi anayefika Bosnia kwa kalamu ni kuanza na chuki: nani anamchukia nani, tangu lini. Weka hilo pembeni. Chukua karatasi, chora viti, kisha uliza nani anaruhusiwa kukalia kipi na nani anampigia kura.

Katiba ya nchi hiyo ni kiambatisho. Ni Kiambatisho cha 4 cha mkataba wa amani uliofikiwa Dayton, Marekani, Novemba 1995 na kutiwa saini Paris tarehe 14 Desemba mwaka huo. Iliandikwa kunyamazisha bunduki, na ilizinyamazisha. Lakini ilifanya hivyo kwa kugawa dola kati ya jamii tatu waasisi: Wabosniaki, Waserbia na Wakroatia. Nchi ina sehemu mbili kubwa zinazoitwa entiti, yaani Shirikisho la Bosnia na Herzegovina na Republika Srpska, pamoja na wilaya ya Brčko. Shirikisho lenyewe limegawanyika katika kantoni 10. Ukijumlisha serikali zote, kuanzia ya taifa hadi ya Brčko, unapata 14 kwa nchi yenye watu wapatao milioni 3.5 kwa sensa ya 2013.

Urais una watu watatu, Mbosniaki mmoja, Mkroatia mmoja na Mserbia mmoja, wanaopokezana uenyekiti kila miezi 8. Mserbia huchaguliwa na wapiga kura wa Republika Srpska, na hao wawili wengine na wapiga kura wa Shirikisho. Hapa ndipo nilipoangukia. Kwenye Shirikisho, kila mpiga kura ana hiari ya kuchagua amchague mgombea wa kiti cha Mbosniaki au wa kiti cha Mkroatia. Wabosniaki ni wengi zaidi. Komšić ni Mkroatia anayepinga siasa za kugawana kwa jamii, na kura zake nyingi hutoka kwa wasio Wakroatia. Amechaguliwa hivyo 2006, 2010, 2018 na 2022. Kwa wafuasi wake ni ushindi wa raia dhidi ya vyama vya jamii. Kwa chama kikuu cha Wakroatia, HDZ BiH, huko ni kuchaguliwa mwakilishi na jirani. Sentensi yangu ilipaswa kusema: "Željko Komšić ameshinda kiti cha Mkroatia katika Urais, kwa mara nyingine bila kuungwa mkono na chama kikuu cha Wakroatia." Maneno machache tu yamezidi, lakini msikilizaji sasa anaelewa maandamano ya Mostar yametoka wapi.

Kisha uliza swali ambalo mashirika ya habari huwa yanalisahau: nani hana kiti kabisa? Dervo Sejdić ni Mroma, wa jamii ya Roma ambayo zamani iliitwa Gypsy; Jakob Finci ni Myahudi. Wote ni raia wa Bosnia, na wote walizuiwa kugombea Urais kwa kuwa si wa jamii tatu zile. Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu iliwapa ushindi Desemba 2009. Azra Zornić, aliyekataa kujitaja kwa jamii yoyote na kusema yeye ni raia tu, alishinda 2014. Ilijaz Pilav, Mbosniaki anayeishi Srebrenica ndani ya Republika Srpska, alishinda 2016, maana pale alipo angeweza kumpigia kura Mserbia tu, na yeye mwenyewe asingeweza kugombea. Hadi ninapoandika haya, katiba haijarekebishwa. Kila unapoandika juu ya uchaguzi mkuu wa Bosnia, tenga sentensi moja kwa watu hawa. Naomba hili kwa dhati, kwa sababu ndilo linaloachwa kwanza muda wa taarifa unapokuwa mfupi.

Maneno yanayoponyoka

Nilikwenda Mostar mwaka 2019, siku tisa, nikapanga chumba kwa mama mmoja ambaye dirisha lake linatazama Bulevar, barabara iliyokuwa mstari wa mapigano mwaka 1993. Asubuhi ya kwanza aliweka mbele yangu kikombe kidogo kisicho na mkono, akakionyesha kwa kidole: "Fildžan." Akamimina kutoka kwenye birika dogo la shaba: "Kahva." Finjani na kahawa! Sikuhitaji mkalimani. Baadaye nikajua kwamba hata pale mezani siasa ipo, kwani Mkroatia husema kava, Mserbia kafa, na anayesema kahva huenda ameshajitaja bila kuulizwa. Pembeni kulikuwa na pakiti ya sigara ya mwanawe, yenye onyo kwamba uvutaji unaua. Onyo hilo limechapwa mara tatu, kwa Kibosnia, Kikroatia na Kiserbia: mara mbili ni maneno yale yale herufi kwa herufi, na ya tatu ni maneno yale yale kwa herufi za Kisirili, zinazofanana na za Kirusi.

Ndiyo sababu nakusihi uwe mwangalifu na neno *kabila*. Sisi tukisikia kabila tunafikiria lugha yake, mila zake, kwao. Hawa wanaelewana bila mkalimani. Kinachowatenganisha hasa ni dini ya mababu (Uislamu kwa Wabosniaki, Ukristo wa Kiorthodoksi kwa Waserbia, Ukatoliki kwa Wakroatia) na historia iliyojengwa juu yake, hata kwa asiyeswali wala kwenda kanisani. Mimi huandika *jamii*. Wapo wahariri wanaopendelea *taifa*, na hoja yao ina uzito kwa sababu neno lao wenyewe, *narod*, liko karibu na hapo. Tatizo ni kwamba msikilizaji atadhani unazungumzia nchi.

*Mwislamu* ni mtego mwingine. Katika Yugoslavia, kuanzia sensa ya 1971, Muslimani lilikuwa jina la jamii inayotambuliwa na dola, na mtu asiyeamini Mungu aliweza kujiandikisha hivyo. Septemba 1993, Sarajevo ikiwa bado imezingirwa, viongozi wao walichagua jina Bošnjak. Kwa hiyo andika *Mbosniaki* kwa mtu wa jamii hiyo, na *Mbosnia* kwa raia yeyote wa nchi hiyo. Ukiandika "Waislamu, Waserbia na Wakroatia" unaipa jamii moja dini na nyingine mbili utaifa, na vita vya 1992 hadi 1995 vinageuka kuwa vita vya kidini masikioni mwa watu.

Na tafadhali, *Republika Srpska* isitafsiriwe. Nimeona mara nyingi ikiandikwa "Jamhuri ya Serbia". Hiyo ni nchi nyingine, mji wake mkuu ni Belgrade. Republika Srpska iko ndani ya Bosnia na serikali yake iko Banja Luka. Kosa hilo moja huhamisha mpaka ambao watu walikufa wakiugombea.

Halafu tofautisha chama na watu. "Waserbia watishia kujitenga" ni kichwa cha habari kibaya. Aliyetishia ni Milorad Dodik, kiongozi wa chama cha SNSD. Mtaje, taja na chama chake. Fanya vivyo hivyo kwa HDZ BiH, na kwa SDA upande wa Wabosniaki.

Usiseme "chuki za karne na karne"

Yule mama wa Mostar, baba yake alikuwa Muslimani na mama yake Mkroatia. Kwenye sensa ya 1991 alijiandikisha kuwa Myugoslavia. Asilimia 5.5 ya wakazi wa Bosnia walifanya hivyo mwaka huo. Yugoslavia ilipokufa, hakubaki na jina. Karani wa sensa ya 2013 alipofika mlangoni, alijiandikisha miongoni mwa *Ostali*, Wengine. Aliniambia bila kupandisha sauti, akikusanya vikombe, kwamba hawezi kugombea Urais wa nchi aliyozaliwa. Hana nia ya kugombea. Alitaka tu nijue.

Ukiandika kwamba watu hawa wamechukiana tangu enzi za Waturuki, yeye na wazazi wake hawapo kwenye habari yako. Andika sababu zenye tarehe. Slovenia na Kroatia zilitangaza uhuru kutoka Yugoslavia 25 Juni 1991. Kura ya maoni ya Bosnia ilipigwa 29 Februari na 1 Machi 1992, Waserbia wengi wakaisusia. Sarajevo ilizingirwa kuanzia Aprili 1992 hadi Februari 1996. Kila tarehe ina mtu aliyeamua jambo, na chuki isiyo na tarehe haina mwenyewe wa kuulizwa.

Daraja la kale la Mostar, Stari Most, lilisimama miaka 427. Halikuvunjwa na "vita". Lilipigwa mizinga na jeshi la Wakroatia wa Bosnia, HVO, likaanguka tarehe 9 Novemba 1993. Lilijengwa upya na kufunguliwa Julai 2004, na kila mwandishi mgeni hupenda kumalizia habari yake kwenye sherehe ile ya ufunguzi. Wewe usiishie hapo. Kuanzia 2008 hadi Desemba 2020 mji huo haukuwa na uchaguzi wa madiwani, kwa sababu vyama vikubwa havikukubaliana juu ya kugawana viti baada ya Mahakama ya Katiba kufuta kanuni za awali. Miaka 12! Aliyesukuma mlango ukafunguka ni Irma Baralija, mkazi wa mji huo aliyeishtaki nchi yake katika Mahakama ya Ulaya na kushinda Oktoba 2019.

Kuhusu Srebrenica sina mjadala. Julai 1995 wanaume na wavulana zaidi ya 8,000, Wabosniaki, waliuawa na majeshi ya Waserbia wa Bosnia. Mahakama ya kimataifa ya iliyokuwa Yugoslavia iliamua kuwa ni mauaji ya kimbari, na Mahakama ya Kimataifa ya Haki ikathibitisha mwaka 2007. Usiandike "yanayodaiwa". Usitafute upande wa pili wa kulinganisha ili habari ionekane na mizani. Akitokea mwanasiasa anayekana, andika kwamba amekana jambo ambalo mahakama zimeshaliamua.

Tafuta pia habari ambazo hazikutumwa

Mashirika makubwa hutuma habari pale viongozi wanapotishana. Wengine wanapokataa kutenganishwa, mara nyingi hawatumi. Jajce, mwaka 2017, wanafunzi wa sekondari waliandamana wakipinga mpango wa kuwatenga Wabosniaki na Wakroatia katika shule tofauti, na mpango ukaachwa. Tuzla, Februari 2014, wafanyakazi wa viwanda vilivyobinafsishwa na kufa waliingia barabarani wakidai mishahara, moto ukasambaa hadi Sarajevo, na mawaziri wakuu kadhaa wa kantoni wakajiuzulu. Kwenye maandamano yale kulibebwa maneno kwamba tuna njaa kwa lugha tatu. Nilipoyasoma niliikumbuka ile pakiti ya sigara.

Mwisho, matamshi, maana redio haina pa kujificha. C ni *ts*: Srebrenica ni Srebrenitsa. J ni *y*: Jajce ni Yaitse. Č na ć zote zisome *ch*, š ni *sh*, na ž isogeze karibu na *zh*. Komšić ni Komshich. Brčko haina irabu katikati, ni Brchko, nayo hutoka vizuri ukiisema haraka. Isome taarifa kwa sauti mara mbili kabla taa nyekundu haijawaka.