Kabla Hujakata Gari: Makaratasi ya Kuweka Sawa Yadini

Biashara ya kukata magari Dar es Salaam ina pesa, hilo halina ubishi. Toyota IST iliyogongwa mbele bado ina injini, gia boksi, milango, taa za nyuma, viti na rimu, na kila kimoja kina mteja wake Gerezani au Shaurimoyo. Bodi inayobaki inapanda mzani wa skrepa. Ndiyo maana watu wanakodi kiwanja Vingunguti, Tabata au Mbagala, wananunua mtungi wa gesi, wanaita vijana wawili watatu na kuanza. Makaratasi, wanasema, yatafuata. Nimeona vijana wakilala mahabusu kwa ajili ya gari walilolinunua kwa pesa yao halali, kwa sababu tu hawakuwa na kitu cha kuonyesha. Kwa hiyo soma hadi mwisho kabla hujawasha gesi.

Ya mwanzo hayahitaji maneno mengi. Sajili jina la biashara BRELA, wakala wa usajili wa biashara. Chukua TIN, namba ya mlipakodi. Kata leseni ya biashara kwenye halmashauri ya eneo ilipo yadi, siyo unapolala: Vingunguti ni Halmashauri ya Jiji, Mbagala ni Temeke, na maombi siku hizi yanapitia mfumo wa TAUSI. Mkataba wa pango uwe wa maandishi, na ukumbuke kwamba mpangaji wa biashara anakata kodi ya zuio asilimia 10 kwenye pango na kuipeleka TRA, mamlaka ya mapato. Wengi hulijua hili siku ya ukaguzi. Mashine ya EFD iwepo na itoe risiti, isiwe pambo la mezani. Pitia OSHA, wakala wa usalama kazini, na Zimamoto, na usiwachukulie kama wasumbufu. Unakata chuma kwa moto karibu na matangi ya petroli. Tangi lililomwagwa mafuta bado lina mvuke, na mvuke ndio unaolipuka.

Mazingira nayo. Wenye yadi wengi wanadhani NEMC, baraza la mazingira, ni ya viwanda vikubwa. Sivyo. Biashara ya chuma chakavu ina vibali vyake vya kukusanya, kuhifadhi na kusafirisha chini ya Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004, na ndani ya kila gari bovu kuna vitu vinavyohesabika kuwa taka hatarishi: oili chafu, na betri yenye risasi na tindikali. Sakafu ya kumwagia oili iwe ya saruji, madumu yakae chini ya paa, na betri zisipinduliwe kumwaga maji yake mtaroni. Mvua ikinyesha Vingunguti, kila kilichomwagika kinateremka Bonde la Msimbazi, na mjumbe wa mtaa anajua kimetoka yadi gani. Unapouza oili au betri, muuzie mwenye kibali na ubaki na nakala ya kibali chake pamoja na karatasi ya makabidhiano. Mnunuzi asiye na kibali akikamatwa na mzigo, neno la kwanza kumtoka mdomoni litakuwa jina la yadi yako.

Sasa tuje kwenye gari lenyewe, maana huko ndiko watu wanakoumia.

Kadi iwe halisi. Picha ya WhatsApp siyo kadi, nakala iliyogongwa muhuri siyo kadi, na "kadi iko kwa shemeji Morogoro" ni sababu tosha ya kuahirisha. Jina kwenye kadi lilingane na kitambulisho cha NIDA cha anayekuuzia. Tena usiishie kwenye jina la mwenye gari tu. Kadi zetu zina sehemu ya mmiliki aliyesajiliwa na sehemu ya mwenye hati. Gari lililonunuliwa kwa mkopo, pale kwenye hati linakaa jina la benki. Benki ikiwepo, taka barua kwamba mkopo umeisha. Kama mwenye jina amefariki, hata wakija watoto wote na shangazi yao wakiapa kwamba wamekubaliana, msimamizi wa mirathi ni mmoja na ana barua ya mahakama. Yeye ndiye asaini. Kampuni ikiuza gari, asaini mkurugenzi mwenye barua ya kampuni, siyo dereva aliyelileta.

Namba ya chesisi isome kwa macho yako mwenyewe. Kwenye Toyota nyingi ndogo imegongwa kwenye ukuta unaotenganisha injini na kabini, au chini ya kiti cha mbele. Yenye fremu, kama Hilux na Land Cruiser, itafute kwenye fremu karibu na tairi la mbele kulia. Futa vumbi, mulika tochi. Herufi zilizokaa upogo, bati lililosuguliwa, puti mbichi au mstari wa kuchomelea kuzunguka namba: funga boneti, rudisha funguo. Halafu soma namba ya injini, maana injini za magari yetu hubadilishwa sana bila kadi kurekebishwa, na ukija kuiuza injini hiyo mnunuzi wako ataihitaji namba ili abadilishe taarifa za kadi yake. Mpe risiti yenye namba ya injini na namba ya chesisi ya gari ilikotoka. Ukimpa risiti iliyoandikwa "spea", atarudi kukusumbua, na atakuwa na haki.

Na hili linalofuata ulisome mara mbili. Gari likikatwa, usajili wake haukatiki nalo. Kwenye mfumo wa TRA bado ni gari zima, lina namba na lina mwenyewe, mpaka mtu aende kuomba lifutwe.

Jirani yangu wa yadi, mtu mzima asiye na makuu, alinunua Toyota Noah nyeupe iliyokufa injini. Muuzaji alikuwa mama mmoja wa Kimara, dalali akiwa kati. Mkataba uliandikwa kwenye karatasi ya daftari, mama akasaini, jirani akasaini, dalali akajiandika shahidi. Kadi ilikuwepo, chesisi ililingana, gari lilikuwa la mama kweli. Akalikata. Vibao vya namba vikatupwa kwenye rundo la mabati na kadi ikaingia kwenye droo. Siku chache baadaye dalali akarudi: mama anaiomba kadi akamalizie mambo yake TRA. Akapewa. Vibao akaviokota mwenyewe, na kwa kuwa yadini kila mtu huokota kitu, hakuna aliyemuuliza.

Mwaka uliofuata Noah nyeupe yenye namba zile zile ilimgonga bodaboda usiku Barabara ya Morogoro ikakimbia. Watu waliishika namba. Polisi wakaenda kwenye jina lililomo kwenye mfumo, yaani kwa mama. Mama wa watu akawaambia, "Afande, gari hilo nililiuza likakatwe skrepa. Nendeni Vingunguti." Wakaja. Baadaye ilijulikana kwamba Noah iliyogonga ilikuwa ya wizi kutoka mkoani, imevalishwa vibao vya marehemu na kugongwa upya namba ya chesisi ili ifanane na kadi. Lakini hayo yalijulikana baadaye. Siku ile waliyekuwa naye ni jirani yangu.

Aliulizwa swali moja: "Thibitisha kwamba uliikata." Akakosa la kusema. Bodi ilishayeyushwa. Injini alimuuzia fundi asiyemjua jina, bila risiti. Picha hakupiga. Mkataba haukuwa na muhuri wa wakili wala namba ya chesisi. Ulisema "gari Noah nyeupe", na Noah nyeupe Dar es Salaam ziko ngapi? Dalali, simu haipatikani. Yadi ikafungwa, vijana wake wakaitwa mmoja mmoja kuandika maelezo, wateja wa Gerezani wakahamia kwingine na wengine hawakurudi. Mkewe alikuwa akipita kwangu jioni kuuliza kama nimesikia lolote, na sikuwa na jibu la kumpa.

Unajua kilichomtoa? Daftari la mtu mwingine. Yule aliyenunua bodi kwa kilo alikuwa na mwandishi wa mzani, binti mkali sana, ambaye hapokei bodi ya gari bila kuandika namba ya chesisi, aina, rangi, tarehe na aliyeileta. Mafundi walikuwa wanamcheka. Mstari wake mmoja ndio uliosema kwamba Noah ile ilifika pale ikiwa vipande, miezi kadhaa kabla ya ajali.

Kwa hiyo utaratibu uwe huu. Gari lianze kufa kwenye karatasi, gesi ifuate. Pale machinjioni Vingunguti ng'ombe hapigwi kisu kabla daktari wa mifugo hajamwona, na gari nalo liwe hivyo hivyo. Mwenye jina kwenye kadi aandike barua TRA kuomba kufuta usajili, aeleze sababu, aambatanishe kadi halisi, na vibao virudishwe. Fanya hivyo gari likiwa bado zima, maana wakitaka kulikagua utawaonyesha nini? Baki na nakala ya barua iliyogongwa muhuri wa kupokelewa, na ufuatilie mpaka upate majibu. Kabla havijafika TRA, vibao na kadi usimrudishie mtu yeyote, awe dalali, mpwa wa mwenye gari au mtu wa kijiwe anayetaka "kibao cha ukumbusho". Na usimalizie pesa yote siku ya kwanza. Bakiza kiasi cha maana mpaka barua ipokelewe, mliandike hilo kwenye mkataba mbele ya wakili. Muuzaji aliyekwisha kulipwa hapandi tena daladala kwenda kupanga foleni kwa ajili yako.

Kabla ya barua, angalia madeni. Ada ya mwaka ya leseni ya gari ilifutwa mwaka 2017 na kuhamishiwa kwenye mafuta, ndiyo maana watu wanadhani gari lililolala chini ya mwembe halina deni. Lina. Faini za usalama barabarani zinakaa kwenye namba ya gari, ushuru wa maegesho wa TARURA, wakala wa barabara za mijini na vijijini, unakaa kwenye namba ya gari, na yote mawili yanaonekana kwenye mifumo yao ukiingiza namba tu. Ingiza, piga picha majibu, mkubaliane nani analipa. Malipo yafanyike kwa kontroo namba, asitokee mtu wa kukusaidia "kupitisha haraka" kwa pesa taslimu. Hao vishoka wako nje ya kila ofisi, na risiti zao zinapendeza kuliko za kweli.

Kuna magari usiyoyagusa mpaka yabadilike jina. Ya serikali, zile zenye namba za STK, STL na SU, yanauzwa kwa mnada, na mnunuzi anapaswa kuwa na karatasi za mnada na risiti. Ya DFP, yaani ya miradi ya wafadhili, na ya kibalozi mara nyingi yaliingia kwa msamaha wa kodi, na kwa Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya 2004, msamaha unamfuata aliyesamehewa; akiuza, kodi inaamka. Land Cruiser ya mradi iliyoisha, hata ikiwa haina injini, inaweza kuwa na deni la forodha kuzidi bei uliyoinunulia. Gari lenye namba ya Z kutoka Zanzibar, uliza kodi za bara zilikamilishwa wapi. Gari la IT linalopita kwenda Zambia au Kongo lisiingie getini kabisa, hata kama dereva anasema limegongwa Chalinze na mwenyewe kalikataa. Hilo liko chini ya forodha mpaka litoke nchini, na anayelikata anaitwa msafirishaji wa magendo.

Ukishanunua, piga picha: gari zima pande zote likiwa na vibao, chesisi, injini, muuzaji akiwa na kitambulisho, kisha gari likiwa nusu, kisha bodi juu ya mzani. Simu huibiwa, kwa hiyo picha ziende kwenye baruapepe siku hiyo hiyo. Kila gari liwe na faili lake. Weka na kauntabuku la yadi, kalamu ya wino, mstari kwa kila kinachoingia na kinachotoka, bila kurasa kuchanwa. Kwa spea za kutoka nje, nozikati (vipande vya mbele vya gari) na injini za Japani, TANSAD, yaani hati ya forodha, na karatasi za meli zikae faili la pembeni zisichanganyike na za magari ya ndani.

Halafu kuna vile vinavyoletwa kwa mkokoteni. Alama za barabarani, mifuniko ya chemba, vipande vya reli, nyaya za umeme: usipime, usiulize bei, usiweke "kwa muda tu". Watu wamefikishwa mahakamani kwa uhujumu uchumi kwa vitu vya namna hiyo, na Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, inamgusa pia anayekutwa na mali inayodhaniwa ya wizi, hata kama hakuiiba. Watoto wakileta betri, waulize mzazi yuko wapi. Kijana wako wa yadi asinunue chochote wewe ukiwa msikitini au kanisani.

Vibali vina tarehe ya kuisha. Ziandike ukutani kwa maandishi makubwa. Muhuri wa biashara usikae mezani. Usisaini mkataba wa gari ambalo hujaliona, na usiwe shahidi wa mkataba wa yadi nyingine kwa sababu ya urafiki. Na ukiwa na shaka na muuzaji, mwambie mwende kituo cha polisi kilicho karibu mkaandikishane huko. Mwenye gari lake halali atalalamika kwamba unampotezea muda, lakini atakwenda.