Kabla hujaagiza elektrodi za kaboni kuingiza Tanzania, kagua haya

Kila habari za madini ya kinywe (grafiti) ya Mahenge zinapovuma, simu yangu huita. Mtu ana mtaji, amesikia soko la elektrodi za kaboni litapanda, anataka kuagiza kontena moja la kujaribia. Nimefanya biashara hii Dar es Salaam miaka ya kutosha kuona watu makini wakimalizwa na kontena moja la kujaribia, na mimi mwenyewe niliponea chupuchupu. Kwa hiyo kabla hujatuma malipo ya awali, soma yote, na ninaposema usifanye, usifanye.

Kwanza jua unauza nini. Kwenye forodha bidhaa hizi zote zinakaa chini ya namba 8545, lakini ndani yake kuna vitu visivyohusiana kabisa. 8545.11 ni elektrodi za tanuru, yale magogo meusi yanayoyeyusha chuma. 8545.19 ni elektrodi nyingine. 8545.20 ni brashi za kaboni, zile ambazo fundi wa drili au mota anaziita kaboni tu. 8545.90 ni mengineyo, yakiwemo makaa ya betri. Mtu akikuonyesha takwimu za uagizaji zilizojumlishwa kwenye 8545 na kukwambia soko linakua, muulize linakua upande upi. Inawezekana kilichoongezeka ni brashi za mota peke yake, na wewe unataka kuleta magogo.

Pili, hesabu tanuru kabla ya kuhesabu faida. Hapa ndipo wengi wanapojidanganya. Wanaona viwanda vya nondo vinaongezeka, wanasikia bwawa la Nyerere lina megawati 2,115, wanaamini kila kinachoyeyusha chuma kinakula elektrodi. Si kweli. Viwanda vingi vya nondo hapa kwetu vinayeyusha chuma chakavu kwa tanuru za induksheni, ambazo hupasha chuma kwa koili na hazina elektrodi hata moja. Mteja wako ni mwenye tanuru ya arki, inayoyeyusha kwa cheche kubwa ya umeme inayotoka kwenye elektrodi, au mwenye tanuru ndogo ya kusafishia chuma kikishayeyuka, nayo hutumia kidogo zaidi.

Ukishampata huyo, fanya hesabu yake kwa kalamu. Tanuru ya arki hutumia takriban kilo 1.5 hadi 2.5 za elektrodi kwa kila tani ya chuma. Kiwanda kinachotoa tani 20,000 kwa mwaka, ukichukua kilo 2, kinataka tani 40. Hayo ni makontena mawili ya futi 20 kwa mwaka mzima, na huenda tayari ana muuzaji wake wa miaka kumi. Nenda kiwandani, ongea na mhandisi wa tanuru, ujue kwa mwezi anatumia vipande vingapi. Ukishindwa kupata namba hiyo kutoka kwa mtu anayeishika tanuru, huna soko.

Wapo wanaotazama Zambia na Kongo, kwenye ukanda wa shaba, ambako kuna tanuru za umeme na mizigo yake hupita bandari yetu. Ni kweli, lakini hiyo ni biashara ya transiti yenye dhamana zake na mawakala wake. Usiichanganye na mzigo wa kuuza Dar.

Tatu, acha kuandika "malighafi ipo nchini" kwenye andiko la biashara. Kinywe tunacho, tena kizuri. Mahenge kipo, Lindi kipo, na kwa sheria yetu ya madini serikali inachukua hisa zisizopungua asilimia 16 kwenye migodi mikubwa. Lakini kinywe cha kuchimbwa kinaenda zaidi kwenye betri, matofali ya kustahimili moto na vilainishi. Elektrodi ya tanuru ya chuma malighafi yake kuu ni koki ya sindano, inayotokana na mabaki ya mafuta ya petroli au lami ya makaa ya mawe. Inachanganywa na lami, inasukumwa kuwa gogo, inaokwa, inanyweshwa lami tena, inaokwa tena, kisha inapashwa kwa umeme hadi karibu digrii 3,000 za selsiasi. Kipande kimoja kinachukua miezi hadi kutoka. Kwa hiyo mgodi mpya ukifunguliwa Ulanga, wilaya iliko Mahenge, bei ya elektrodi yako haishuki hata senti. Nimeshaona andiko la mkopo lililokataliwa benki kwa kosa hili, na afisa aliyelikataa alikuwa sahihi.

Bei sasa. Bidhaa hii bei yake haipandi taratibu kama saruji. Mwaka 2017 China ilifunga tanuru nyingi za induksheni zilizokuwa zikitoa chuma kisichokidhi viwango, uzalishaji ukahamia kwenye arki, na wakati huohuo viwanda vya elektrodi vikabanwa kwa uchafuzi wa mazingira. Elektrodi kubwa zilizokuwa chini ya dola 3,000 kwa tani zikavuka dola 15,000 katika mwaka mmoja hivi. Walionunua kileleni wakijaza ghala walibaki nazo bei ilipoporomoka 2019. Halafu Aprili 2022 Umoja wa Ulaya ukaweka ushuru wa asilimia 23 hadi 74.9 kwa elektrodi kutoka China, kwa hoja kwamba zinauzwa kwa bei ya kuua soko. Mlango mkubwa ukibanwa, mzigo hutafuta milango midogo, na sisi ni mlango mdogo. Ndiyo maana wakati mwingine unaletewa ofa nzuri mno. Ipokee kwa kuuliza mzigo umekaa ghalani muda gani na kwa nini haukwenda ulikokusudiwa.

Tangu tarehe 1 Desemba 2023 China inadai pia kibali cha kusafirisha aina kadhaa za kinywe cha asili na cha kutengenezwa. Elektrodi za kawaida za tanuru haziangukii humo, lakini muuzaji akuthibitishie kwa maandishi kabla ya malipo, siyo meli ikishakosa nafasi.

Madaraja ni RP (nguvu ya kawaida), HP (nguvu kubwa) na UHP (nguvu kubwa sana), kulingana na kiasi cha umeme ambacho elektrodi inahimili. Usimpe mteja RP mahali pa UHP kwa kuwa ni nafuu. Itawaka nyekundu juu hadi chini na kuliwa ubavuni, na utaitwa mwizi.

Sasa uzi, ile mizunguko ya kufungia kama ya skrubu. Nakuomba hapa usiruke mstari.

Elektrodi hazikai moja moja kwenye tanuru. Zinaungwa juu ya nyingine, na ya chini inapoliwa, mpya inafungwa kwa juu. Kiungo ni nipeli, kipande cha kaboni chenye umbo la koni mbili zilizogeukiana, chenye uzi pande zote, kinachoingia kwenye matundu ya elektrodi mbili. Kiwango cha kimataifa cha vipimo hivyo ni IEC 60239, na ndani yake kuna familia mbili kubwa: 3TPI, yaani nyuzi tatu kwa inchi, na 4TPI, nyuzi nne kwa inchi. Elektrodi mbili zenye kipenyo kilekile, urefu uleule na daraja lilelile zinaweza kuwa na uzi tofauti. Kwa macho, zikiwa ndani ya kreti, huwezi kuzitofautisha.

Mimi sikujua. Niliagiza vipande 40 vya milimita 350 kwa 1,800, daraja la HP, zaidi kidogo ya tani 11, kwa mteja mmoja aliyekuwa ameniamini kwa oda yake ya kwanza. Profoma, yaani ankara ya awali, ilisema kipenyo, urefu, daraja, "pamoja na nipeli". Nikaona imekamilika. Mzigo ukafika salama, kreti kavu, hakuna hata kona iliyomeguka. Niliupokea kwa furaha, nikapeleka kiwandani, nikasaini hati ya kukabidhi.

Siku kama tisa baadaye, karibu saa tatu usiku, msimamizi wa zamu akanipigia. Sauti yake ilikuwa ya chini sana. Alisema, "Kaka, hii kitu yako haiingii."

Nilipofika tanuru ilikuwa imesimama, chuma kikiwa kimeyeyuka nusu ndani yake. Elektrodi mpya ilikuwa imening'inizwa kwenye kreni juu ya ile ya zamani. Vijana wa zamu walikuwa wameshajaribu kuizungusha kwa mnyororo na bomba refu, na mdomo wa tundu ulikuwa umemeguka kipande cha ukubwa wa kiganja. Fundi mmoja mtu mzima akawaambia washushe. Akachukua nipeli ya zamani na nipeli ya kwangu, akazilaza kwenye benchi, akachukua karatasi mbili za daftari. Akaifunga moja kwenye uzi wa nipeli ya kwanza na kuisugua kwa kidole gumba, kisha akafanya hivyo kwa ya pili. Kaboni yenyewe ikaandika, mistari myeusi safi kama ya penseli. Akaweka rula juu. Karatasi ya kwanza ndani ya inchi moja, mistari minne. Ya kwangu, mitatu. Hakusema neno. Alinipa zile karatasi nizishike.

Muuzaji hakunitapeli. Alituma uzi anaowatumia wateja wake wote. Mimi ndiye sikuuliza. Ili kutumia mzigo wangu walilazimika kutoa safu zote tatu za elektrodi za zamani zilizokuwa kwenye tanuru na kuanza upya, kwa kuwa hakuna namna ya kuunga nyuzi tatu juu ya nyuzi nne. Vile vipande vitatu vilivyotolewa, vyenye siku nyingi za kazi ndani yake, vikawekwa ukutani na bei yake ikakatwa kwenye malipo yangu, pamoja na elektrodi iliyomeguka na saa za tanuru kusimama. Faida yote iliondoka, na sehemu ya mtaji. Yule mteja ilinichukua karibu miaka miwili kumrudisha.

Tangu hapo siandiki oda bila mambo haya: familia ya uzi, urefu wa nipeli kama ni ya kawaida au ndefu, jina la mtengenezaji wa elektrodi ambazo mteja anazo ghalani, na mchoro wenye vipimo uliosainiwa na mhandisi wake. Hata uzi ukilingana, usichanganye nipeli ya kiwanda kimoja na elektrodi ya kingine bila mhandisi kukubali. Kaboni mbili zinazotanuka kwa viwango tofauti zikipata joto, kiungo kinalegea au tundu linapasuka, na kipande kikidondokea kwenye uji wa chuma kinaharibu mchanganyiko wote. Na usione aibu kupeleka karatasi na rula kiwandani kwa mteja. Mimi hubeba zote mbili kwenye begi.

Vifuniko vya matundu visitolewe hadi siku ya kufunga. Kreti zikae juu ya mbao, ndani, mbali na maji. Masika ya Dar hayana huruma, na kaboni iliyonyonya maji inatakiwa kukaushwa kabla ya kuingia kwenye tanuru. Foklifti isiguse uzi.

Fedha inahitaji akili yake. Unanunua kwa dola na unauza kwa shilingi, na tangu Machi 2025 kuna kanuni zinazokataza kuweka bei au kulipwa kwa fedha za kigeni kwa biashara ya ndani. Aliyekuwepo 2023 na 2024 anaikumbuka foleni ya dola benki. Kati ya siku ya oda na siku ya kulipwa inaweza kupita miezi mitano, kwa hiyo weka kwenye mkataba jinsi bei ya shilingi itakavyorekebishwa. VAT ya asilimia 18 unailipa mzigo ukiingia, kabla hujauza hata kipande kimoja, na mteja mkubwa anataka mkopo wa siku 60. Hilo pengo nani analijaza? Kama jibu ni "tutaona", usiagize.

Omba TRA ikupe kwa maandishi namba ya ushuru wa mzigo wako mapema, na uwaulize TBS kama unahitaji cheti cha ukaguzi kabla haujapakiwa. Bima ya mzigo ikatiwe kwenye kampuni za hapa nchini, ndivyo sheria inavyotaka, na isome uone kama inalipa kuvunjika, kwa sababu hiki ni kitu kinachovunjika.

Kuhusu mradi wa chuma wa Liganga, usinunue mzigo kwa ahadi. NDC, shirika la maendeleo la serikali, iliingia ubia na kampuni ya China mwaka 2011, na nasikia kila mwaka kwamba mwakani chuma kinaanza. Natamani kianze, nchi inakihitaji. Lakini hata kikianza, tanuru za umeme za kuyeyushia mawe ya chuma mara nyingi hutumia elektrodi za kujiokea zenyewe, zinazojazwa lami ya kaboni kutoka juu, na si magogo uliyonayo ghalani.

Mwenye mtaji mdogo aanze na brashi za mota. Zinaingia kwenye begi, Kariakoo na Gerezani zinatafutwa kila siku, na ukikosea kipimo unapoteza boksi, si kontena. Pima unene, upana na urefu kwa kalipa, angalia waya na springi, chukua sampuli ya ile ya zamani.

Na mengine ni yale ya kila mzigo. Usilipe kwenye akaunti yenye jina tofauti na la profoma, hata wakisema ni kampuni dada. Piga picha kreti zikifunguliwa. Hati ya kukabidhi isainiwe na mtu wa tanuru, siyo mlinzi wa geti. Ujue kreni ya mteja inabeba kilo ngapi, ujue ghala linafungwa saa ngapi, na namba ya msimamizi wa zamu ya usiku uwe nayo wewe kabla yeye hajaitafuta yako.