Usiwapime wote kwa mpangilio mmoja
Wewe unayeandaa utafiti wa saikolojia: kama watu wale wale watapimwa mara mbili, tuseme wakariri maneno kwenye ukimya kisha muziki ukipigwa, usiwaanzishe wote na ukimya. Raundi ya pili mtu ameshalizoea zoezi, au ameshachoka anawaza chakula cha mchana. Alama zikipanda au zikishuka, utajuaje kama ni muziki au ni zamu tu?

Gawa kwa kura: nusu waanze na ukimya, nusu na muziki. Orodha za maneno nazo ziwe mbili zenye ugumu sawa, na uzizungushe. Hapa wengi hupitiwa, orodha nyepesi ikabaki upande wa muziki mwanzo mwisho.

Hali unazolinganisha, kama ukimya na muziki, zikiwa 3, mipangilio yote ni 6, inabebeka. Zikiwa 4 inafika 24. Usijitese, tumia mraba wa Kilatini, yaani jedwali la kupanga zamu za hali. Mipangilio 4 inatosha, kila hali ikikaa mara moja katika kila nafasi. Na mpangilio wa kila mshiriki uandike kwenye fomu yake kabla hajaingia chumbani.