Namna ya kuupumzisha umakini nje baada ya saa nyingi mbele ya skrini

Mimi ni mhariri, mchana kutwa niko kwenye kompyuta. Dalili ya kuchoka naijua: nasoma sentensi moja mara tatu na haiingii, kisha mkono unaanza kutafuta simu. Ukifika hapo, usihamie skrini nyingine. Inuka, utoke uende penye miti.

Kazi ya mezani hutumia umakini wa kujilazimisha. Akili inashika jambo moja huku ikiyazuia mengine yote, na huko kuzuia ndiko kunakochosha. Kila arifa inayojitokeza inaongeza la kuzuia. Wanasaikolojia Rachel na Stephen Kaplan wa Chuo Kikuu cha Michigan walieleza kuwa mawingu, majani yanayotikisika na maji yanayotiririka huvuta macho kwa upole, bila kutulazimisha, na wakati huo ule umakini uliochoka hupata nafasi ya kupumzika.

Katika utafiti uliochapishwa mwaka 2008, Marc Berman na wenzake wa chuo hichohicho waliwatembeza watu kwa takribani dakika 50, mara kwenye bustani ya miti, mara katikati ya mji. Baada ya kutembea kwenye miti, waliweza kurudia tarakimu kinyumenyume, jaribio linalopima umakini, vizuri zaidi. Linalonipa moyo zaidi ni hili: hata waliotembea kwenye baridi kali bila kufurahia walifaidika. Kwa hiyo usingoje hamu. Nenda tu.

Simu iache ndani. Kama huna budi kuibeba, izime na uitie chini kabisa ya mkoba. Vipokea sauti vya masikioni navyo viache, na hapa silegezi kamba: mazungumzo unayoyasikiliza yanadai umakini uleule unaotaka kuupumzisha. Picha pia usipige.

Chagua njia ambayo hutalazimika kukwepa magari. Dakika za mwanzo akili itaendelea kukukumbusha barua pepe ambazo hujazijibu, usishindane nayo. Tafuta kitu kinachojiendea chenyewe, kama tawi kwenye upepo au msafara wa siafu, ukitazame mpaka uchoke nacho, kisha uhamie kingine. Usihesabu ndege wala usijipe mtihani wa kutambua majina ya miti, maana hapo umeshaanza kazi nyingine. Inua macho pia, utazame mbali kabisa. Mbele ya skrini tunapepesa kope mara chache, na misuli inayolenga vitu vya karibu hukaa imekaza kwa saa nyingi. Kutazama mbali huilegeza.

Siku ambayo huwezi kutoka, kaa dirishani utazame chochote cha kijani. Katika utafiti uliofanywa Melbourne na kuchapishwa mwaka 2015, wanafunzi waliotazama picha ya paa lenye majani kwa sekunde 40 tu walikosea mara chache kuliko waliotazama paa la zege. Kutazama hivyo kunasaidia kidogo, lakini si sawa na kutoka. Nakutumia katikati ya kazi, si badala ya matembezi.

Ukirudi mezani, usifungue ujumbe kwanza. Fungua ile sentensi iliyokushinda, uisome polepole hadi mwisho, umalize aya yake. Ujumbe uusome baadaye.