Ndizi Mzuzu za Sukari na Mdalasini kwa Mtindo wa Karibea

Katika Jamhuri ya Dominika, ndizi mbivu hukaangwa kidogo, kisha huachwa zichemke polepole katika maji ya sukari na mdalasini hadi maji hayo yageuke shira. Chakula hicho huitwa plátanos al caldero, yaani ndizi za sufuriani. Mpishi aliyeko Dodoma anaweza kukipika bila kuagiza chochote kutoka mbali, mradi apate ndizi inayofaa na akubali kuisubiri.

Ndizi inayofaa ni mzuzu au mkono wa tembo, kwa sababu nyama yake hubaki imeshikamana hata ikiiva sana. Ndizi za kula, kama kisukari, zitavurugika sufuriani kabla shira haijawa tayari. Ukinunua mzuzu katika soko la Majengo, usiipike siku hiyohiyo kwa kuvutiwa na rangi yake ya manjano. Ganda linapaswa kuwa jeusi kwa zaidi ya nusu, na ukilibonyeza kwa kidole gumba libonyee kama parachichi lililoiva, kwa kuwa wanga wa ndizi hugeuka sukari kadiri siku zinavyopita, na ndizi ambayo haijafika hapo itakuwa na ladha ya kiazi hata uimwagie sukari kilo nzima. Wakati wa kipupwe, usiku wa Dodoma una baridi na uivaji huchelewa. Zifunge kwenye gazeti pamoja na parachichi bivu, ambalo hutoa gesi ya ethilini inayoziharakisha, wala usizitie kwenye friji. Waarifu pia watu wa nyumbani, maana ndizi zangu nne ziliwahi kutupwa na mtu aliyeamini kwamba zimeoza.

Kwa ndizi nne, andaa mafuta vijiko vikubwa 2, sukari vijiko vikubwa 3, kijiti kimoja cha mdalasini, karafuu 4, chumvi kidogo sana, maji kikombe kimoja na siagi kijiko kimoja. Kata ncha za ndizi, chana ganda kwa kisu kutoka juu hadi chini, livue, kisha kata kila ndizi vipande viwili.

Pasha mafuta katika sufuria nzito, kwa moto wa wastani. Kama unatumia jiko la mkaa, punguza makaa kwanza, kwa sababu ndizi yenye sukari nyingi huungua upesi. Kaanga kila upande dakika 2 au 3 hadi upate rangi ya kahawia, kisha ondoa mafuta yaliyobaki. Tia sukari, viungo, chumvi na maji, funika, na uache zichemke kwa moto mdogo kwa dakika 15 hivi, ukizigeuza mara moja tu kwa mwiko bapa. Funua ili maji yapungue. Mapovu yakianza kuwa makubwa na mazito, dondosha shira kidogo kwenye sahani baridi na upitishe kidole katikati: ikiwa njia ya kidole haifungiki upesi, ipua mara moja, kwani shira huendelea kuwa nzito inapopoa. Malizia kwa siagi.

Wapo wanaoongeza ramu. Asiyetumia kilevi anaweza kubadilisha nusu ya maji kwa juisi ya zabibu, ambazo hapa kwetu hazitafutwi mbali, ila rangi itakuwa ya wekundu. Asali ya Singida nayo inafaa badala ya sukari, mradi itiwe mwishoni ili isipoteze harufu yake. Tui na iliki viacheni kwa ndizi za nazi za pwani, ambazo ni chakula kingine kabisa.

Huko Karibea ndizi hizi huliwa pamoja na wali, maharage na nyama, katika sahani moja, si baada ya mlo. Nimezila hivyo na zimekubali vizuri. Nilipozijaribu pembeni ya ugali wa uwele na mlenda, hazikukubali.