Dikteta akiitisha uchaguzi: jinsi ya kulinda hesabu kituo kwa kituo

Wapo watawala waliokaa madarakani miaka mingi bila kuguswa, kisha wakaangushwa na kura waliyoiitisha wenyewe wakidhani watashinda: Augusto Pinochet wa Chile mwaka 1988, Kenneth Kaunda wa Zambia mwaka 1991, Yahya Jammeh wa Gambia mwaka 2016. Kukosa kura peke yake hakumwondoi mtu wa namna hiyo. Anaweza kushindwa mchana na kujitangaza mshindi usiku. Anabanwa pale upande wa pili unapokuwa na hesabu yake, iliyotoka vituoni ikiwa na saini, kabla ya yeye kutangaza ya kwake. Kazi hiyo ni ya makaratasi zaidi kuliko ya maandamano, na huanza miezi mingi kabla ya siku ya kura.

Kanuni tatu za kupigania mapema

Ya kwanza, kura zihesabiwe palepale zilipopigwa. Ya pili, kila wakala, yaani mwakilishi wa chama kituoni, apewe nakala ya fomu ya matokeo iliyosainiwa, na nakala nyingine ibandikwe mlangoni. Ya tatu, asiwepo ofisa wa ngazi ya juu mwenye ruhusa ya kubadili tarakimu za kituo. Kama nguvu zenu zinatosha kudai jambo moja tu, daini la kwanza. Sanduku likishapakiwa kwenye gari, hakuna atakayeapa kwamba lililofika ndilo lililoondoka.

Kenya imepitia njia zote mbili. Mwaka 1992 na 1997 masanduku yalisafirishwa hadi vituo vya kuhesabia vya majimbo. Mwaka 2002 kura zilihesabiwa vituoni, na chama cha KANU kikashindwa baada ya kutawala tangu uhuru. Kanuni ya tatu ilichelewa: Juni 2017 Mahakama ya Rufani, katika kesi ya mwanaharakati Maina Kiai, iliamua kwamba matokeo ya urais yaliyotangazwa jimboni ni ya mwisho na hayawezi kurekebishwa na tume ya uchaguzi Nairobi.

Hesabu nzuri haiwaokoi wapinzani waliogawanyika. Mwaka 1992 Rais Moi wa Kenya alishinda kwa takriban asilimia 36, kwa sababu zilizobaki waligawana Matiba, Kibaki na Odinga. Hilo lisipomalizwa mezani kwanza, mawakala watakuwa wanalinda kwa uaminifu mkubwa ushindi wa mtu mwingine.

Mawakala

Kila kituo kinahitaji wawili, kwa sababu mtu mmoja hawezi kukaa kuanzia kufunguliwa kwa kituo alfajiri hadi fomu kusainiwa usiku wa manane bila kula wala kwenda msalani. Kenya ilikuwa na vituo 46,229 mwaka 2022. Hiyo ni zaidi ya mawakala 92,000, na ukiweka akiba ya asilimia kumi unavuka laki moja. Chama kisichofikia idadi hiyo kigawane vituo na washirika wake kwa maandishi, la sivyo wote watajazana mjini na vijiji vitabaki wazi.

Wakala hupotea kwa sababu za kawaida tu. Barua yake ya utambulisho imechelewa, au jina kwenye barua halifanani na la kitambulisho, au hakula kiapo kwa wakati pale ambapo sheria inakidai. Wengine hununuliwa saa kumi jioni kwa sababu chama hakijawapa hata nauli. Lipeni nusu ya posho kabla, na nusu nyingine siku ya kukabidhi fomu. Waambieni pia kwamba kutoka nje kwa hasira ni kosa kubwa: malalamiko yaandikwe kwenye fomu, kisha mtu akae mpaka mwisho.

Kusoma fomu

Wengi hutazama mshindi tu. Wakala anayejua kazi huanza na karatasi za kura. Chukua kituo cha mfano: zilipokelewa karatasi 650. Jioni zimebaki 236 ambazo hazikutumika, na 3 ziliharibiwa na wapiga kura waliokosea wakapewa nyingine. Kwa hiyo ndani ya sanduku panapaswa kuwa na 411. Zinahesabiwa: mgombea A 219, mgombea B 180, zilizokataliwa 12. Jumla 411. Fomu hiyo imesimama. Sanduku likitoa 431, kuna karatasi 20 zilizoingia bila mpiga kura, na hapo hapo ndipo pa kulisema, kabla ya saini ya kwanza.

Andika namba za lakiri za sanduku asubuhi na uzilinganishe jioni. Fomu ipigwe picha kabla haijakunjwa, simu ikiwa juu yake moja kwa moja, pembe zote nne zionekane. Picha ya pembeni yenye kivuli cha mkono ndiyo inayofanya 1 isomwe 7. Kisha piga picha ile iliyobandikwa mlangoni. Zikitofautiana, hizo mbili pamoja ndizo ushahidi.

Kutuma

Msitegemee intaneti. Gambia mwaka 2016 ilikata intaneti na simu za kimataifa, na Uganda ilizima intaneti Januari 2021 kuanzia mkesha wa uchaguzi. Tumieni ujumbe mfupi wa maandishi wenye mpangilio mmoja: namba ya kituo, kura za kila mgombea, zilizokataliwa, jumla. Kituo chetu cha mfano kingetuma 0417 219 180 12 411. Anayepokea hujumlisha tarakimu tatu za kati. Wakala akikosea akaandika 291, jumla inatoka 483 badala ya 411, na ujumbe unarudishwa dakika ile ile. Bila namba hiyo ya mwisho, kosa hilo litaonekana baada ya siku tatu, na litaitwa wizi.

Mtandao wa simu nao ukizimwa, kila kata iwe na mtu wa pikipiki anayejua njia na mahali pa kupeleka. Mahali hapo pasiwe pamoja tu. Ofisi kuu ya chama ndiyo ya kwanza kuvamiwa, kwa hiyo wekeni vituo vya kujumlisha viwili au vitatu katika miji tofauti.

Sampuli inaweza kusema nini

Mashirika ya waangalizi hayahitaji vituo vyote ili kukadiria matokeo. Huchukua vituo mia kadhaa hadi elfu na ushei, vilivyochaguliwa kwa bahati nasibu kutoka orodha rasmi. Neno zito hapo ni bahati nasibu. Ukichagua vituo vilivyo karibu na barabara, umepima maoni ya watu wa barabarani.

Tuseme kura za mgombea hutofautiana kati ya vituo kwa wastani wa pointi 30 za asilimia, jambo la kawaida pale watu wanapopiga kura kikanda. Kwa vituo 400, ukingo wa makosa, yaani umbali ambao makadirio yanaweza kupotoka, ni karibu pointi 3 juu au chini, kwa uhakika wa asilimia 95. Kwa vituo 1,000 unashuka hadi karibu 1.9. Ukiigawa nchi kwanza kwa kanda, na tofauti ndani ya kila kanda ikawa pointi 12, vituo hivyo hivyo 1,000 vinakupa takriban 0.7. Kugawa kanda kunalipa kuliko kuongeza watu.

Lakini hata 0.7 ina mwisho wake. Duru ya pili ya Ghana mwaka 2008 ilimalizika John Atta Mills akiwa na asilimia 50.23 na Nana Akufo-Addo 49.77. Kwa pengo kama hilo sampuli haiwezi kumtaja mshindi, na anayeilazimisha iseme anaweka moto kwenye makuti. Zinahitajika fomu zote. Na usitoe takwimu kabla ya vituo vya sampuli karibu vyote kufika: vya mjini hutangulia, na mjini mara nyingi ndiko ngome ya upinzani.

Usiku wenyewe

Chile, tarehe 5 Oktoba 1988, swali lilikuwa Pinochet aongezewe miaka minane au la. Saa moja na nusu usiku serikali ilitoa matokeo ya meza za kupigia kura 79 tu kati ya zaidi ya 22,000, Ndiyo ikiongoza. Baada ya hapo takwimu zake zikaja kwa kudondosha. Upande wa Hapana ulikuwa na hesabu yake kutoka kwa mawakala, na waangalizi walikuwa na ya kwao, zote zikielekea upande mmoja. Baada ya saa sita usiku Jenerali Fernando Matthei, mkuu wa jeshi la anga, akiingia ikulu ya La Moneda aliwaambia waandishi wa habari kwamba kwake ni wazi Hapana imeshinda. Pinochet alipotaka mamlaka ya dharura, wenzake wa baraza la kijeshi walikataa. Hapana ilipata karibu asilimia 56.

Kwa hiyo nakala za hesabu zisiishie kwa wafuasi. Zifike kwa makamanda, maaskofu na masheikh, mabalozi, na wafanyabiashara wanaosikilizwa ikulu. Jenerali hageuki kwa kelele za barabarani. Hugeuka akijua kwamba wenzake nao wanazo tarakimu zile zile.

Baada ya kutangazwa

Gambia inaonyesha jinsi ushindi unavyoweza kuponyoka. Jammeh alikubali kushindwa tarehe 2 Desemba 2016. Tarehe 5 tume ya uchaguzi ilisahihisha makosa ya kujumlisha: mshindi Adama Barrow akashuka kutoka kura 263,515 hadi 227,708, Jammeh kutoka 212,099 hadi 208,487. Mshindi alikuwa yule yule, lakini pengo lilipungua kutoka zaidi ya 51,000 hadi 19,221. Siku hizo hizo kiongozi mmoja wa muungano ulioshinda alizungumzia hadharani Jammeh kushtakiwa. Tarehe 9 Jammeh akayakataa matokeo. Mahakama ya Juu haikuwa na majaji wa kutosha kusikiliza kesi. Barrow aliapishwa ubalozini Dakar tarehe 19 Januari, na Jammeh akaondoka tarehe 21 baada ya majeshi ya ECOWAS, jumuiya ya nchi za Afrika Magharibi, kuvuka mpaka. Jumlisheni mara mbili kabla ya kutangaza, na habari za kumshtaki mtu zingoje awe ameshakabidhi jeshi.

Pale ambapo mahakama inafanya kazi, fomu ziwe zimepangwa tayari. Kenya inatoa siku 7 kufungua kesi ya urais, na Mahakama ya Juu siku 14 kuiamua. Mwaka 2017 ushindi uliotangazwa ulifutwa, na sehemu kubwa ya hoja ilikuwa jinsi fomu za vituo na majimbo zilivyopokelewa na kuonyeshwa.

Andikeni pia, kabla ya kura, sheria zitakazobadilishwa kwanza. Chile ilibaki na katiba ya 1980, na Pinochet alibaki mkuu wa jeshi la nchi kavu hadi Machi 1998. Kenya iliahidiwa katiba mpya ndani ya siku 100 mwaka 2002. Rasimu ya 2005 ilikataliwa kwenye kura ya maoni, ghasia za 2007 na 2008 zikaua zaidi ya watu 1,000, na katiba ikazinduliwa tarehe 27 Agosti 2010.