Jinsi ya kumchimbua muigizaji wa Kisovieti asiyejulikana

Ukitaka kujua maisha ya muigizaji wa zamani wa Kisovieti usianze na wasifu, maana wengi hawana wasifu wa maana, anza na jina lake kwa herufi za Kirusi. Tumchukue Wayland Rudd, Mmarekani mweusi aliyezaliwa Nebraska 1900 na kufia Moscow 1952. Ukimgugo kwa jina hilo unaletewa mambo ya Marekani zaidi, filamu zake ziko kwa Вейланд Родд, kopi hilo ulipesti kwenye YouTube uone.

Ukishapata filamu nenda mwanzoni kabisa, enzi zile majina ya waigizaji yalitangulia picha na mara nyingi wanaweka herufi moja na jina la ukoo basi, kwa hiyo ukiruka dakika mbili za kwanza ushampoteza mtu wako. Piga skrinshoti. Rudd utamkuta kwenye filamu ya mwongozaji Lev Kuleshov ya 1933, kwenye Tom Sawyer ya 1936 akiwa Jim, na 1945 kwenye filamu ya nahodha wa miaka 15 ya Jules Verne akiwa Hercules. Hapo angalia wanampa nini: Jim ni mtumwa, na Hercules kisa chake kinampeleka Angola kwa wauza watumwa. Nchi iliyokuwa inajinadi haina ubaguzi, lakini mtu mweusi kazi yake kwenye kamera ni hiyohiyo, mi naona hilo linakwambia mengi kuliko sifa za magazetini.

Halafu tafuta alifikaje. Yeye alienda 1932 na kundi la Wamarekani weusi 22 hivi, mshairi Langston Hughes akiwemo, walialikwa na Mezhrabpom, studio ya filamu ya Kisovieti, wacheze filamu kuhusu ubaguzi wa Marekani, wakafika, filamu ikafutwa, wengi wakageuza ye akabaki. Hughes kaielezea safari hiyo kwenye kumbukumbu zake za 1956, isome, inachekesha na inauma.

Usisahau jukwaa la maigizo, maana filamu zilikuwa chache na mshahara ulitoka huko. Rudd alikuwa kwa Meyerhold, mwongozaji wa maigizo ya jukwaani, na jumba la maigizo la Meyerhold lilifungwa 1938, mwenyewe akakamatwa 1939 akapigwa risasi 1940. Kwa hiyo ukiona kazi ya mtu imekatika ghafla miaka hiyo usikimbilie kusema alichoka au alikunywa sana, cheki kwanza bosi wake yalimkuta yapi.

Kwa wenye moyo zaidi kuna nyaraka za wasanii kwenye hifadhi ya taifa ya RGALI Moscow, na filamu zenyewe kwenye hifadhi ya filamu ya Gosfilmofond kule Belye Stolby, karibu na Moscow.

Kitu kimoja tena, Rudd ana mtoto mwenye jina lilelile, muimbaji wa jazi, kwa hiyo kwenye sachi ongeza 1900 au jina la filamu la sivyo utaletewa nyimbo tu.